Kuku wa Banda la Tatu

Mfaume Pazi hakuwahi kuchinja kuku aliyekufa. Hilo lilijulikana kwao Marui, na lilijulikana zaidi Kibaha, kwenye shamba kubwa la kuku alikoajiriwa kuwa mchinjaji. Mwaka wake wa kwanza pale, meneja Didas alimpenyezea kreti la kuku waliokufa kwa joto. Mfaume aliweka kisu chini, akanawa mikono, akaenda kukaa getini. Malori ya wauza kuku yalipanga foleni mpaka barabarani, na hakuna kuku aliyetoka mpaka Didas alipomfuata mwenyewe kumwomba radhi. Tangu hapo kila kreti lilipita mbele ya macho yake. Kibudu kilitupwa kando. Aliye hai alielekezwa kibla, jina la Mungu likatajwa, akakatwa. Huko Dar wauzaji waliwaambia wateja wao, "Hawa ni wa mkono wa Mfaume," na mteja hakuuliza zaidi.

Shamba lenyewe lilikuwa safu ya mabanda marefu yaliyofungwa mapazia pande zote. Ndani mlikuwa na kuku weupe maelfu kwa maelfu, waliototolewa siku moja, wanaokula chakula kimoja, waliobanana juu ya maranda mpaka siku ya kisu. Jua waliliona mara moja tu, siku hiyo hiyo, kati ya banda na machinjio. Mwanamkuu, mke wa Mfaume, alifanya kazi kwenye chumba cha kunyonyoa pamoja na wanawake wengine, katikati ya mapipa ya maji ya moto na manyoya yaliyoruka kama pamba.

Asubuhi moja ya kiangazi Didas alifika machinjioni kabla hata maji hayajachemka.

"Mzee Mfaume, leo tunaanza na banda la tatu."

"La tatu bado wadogo. Si tulisema wiki ijayo?"

"Wameanza kuanguka. Nataka uwawahi."

Neno hilo Mfaume alilijua tangu utoto. Kwao, kuku akianza kuyumba uani, mtu huitwa mbio aje na kisu, amwahi kabla hajawa kibudu. Hakuna aibu ndani yake. Ni kuokoa riziki isipotee. Watoto wa Marui wote wamekulia kwenye mchuzi wa kuku waliowahiwa.

Kreti la kwanza lilipofunguliwa aliona vichwa vilivyovimba na panga za vichwani zenye rangi ya zambarau zilizoiva. Kuku walipumua midomo wazi, kamasi zikiwatoka. Wengine walikata roho mkononi mwake, kisu kikiwa hakijagusa shingo, naye akawatupa kando bila kusita. Rundo la vibudu lilikua, na yeye akaongeza kasi. Kadiri kuku walivyokaribia kufa, ndivyo mkono wake ulivyokimbia.

Mwanamkuu alichungulia kutoka kwenye mvuke. "Baba Raudha, hawa kuku wana damu chini ya ngozi. Miguu yote imekuwa myekundu."

"Nyonyoa, mke wangu. Wamechinjwa wakiwa hai."

Alipotoka kwenda bombani kunoa kisu, alimkuta Loyce anamsubiri. Loyce alikuwa daktari wa mifugo wa shamba, hana mwaka tangu atoke chuoni. Wazazi wake walikuwa Wasukuma waliohamia Dutumi na ng'ombe wao, na kwa kuwa Wasukuma na Wazaramo ni watani tangu enzi za mababu, yeye na Mfaume hawakuwahi kukutana bila kutupiana maneno.

"Shikamoo, Mzaramo."

"Marahaba. Umemwacha nani na ng'ombe?"

"Ng'ombe wana baba. Wewe ndiye wa kuchungwa." Hakucheka. "Nimemwambia Didas asimamishe kila kitu. Kuku wasitoke, watu wasiingie, nipeleke sampuli maabara. Ameniambia nisubiri lori liondoke."

"Si kideri tu hicho? Kila kiangazi kipo."

"Kideri wamechanjwa. Hii nadhani ni mafua ya ndege, na haya hayaishii kwa ndege."

Mfaume alijaribu makali ya kisu kwa kidole gumba. "Kwetu Marui kuku wanakufa tangu sijazaliwa. Mbona sisi hatufi?"

"Kwenu ugonjwa ukiingia kwa jirani unaua kuku wake watano. Wengine wako vichakani wanachakura, unakosa pa kwenda, unakwisha. Hapa umeingia kwenye nyumba moja ya kuku maelfu, wote kama ndugu wa tumbo moja. Huyu akipiga chafya, mwenzake ndiye anayeivuta. Mdudu anapita kwa huyu, kwa yule, kwa yule, hapumziki, na kila akipita anabadilika kidogo. Siku moja anajaribu mtu. Na watu wa kwanza ni wewe na mama zangu walio humo ndani ya mvuke."

"Unataka nifanye nini?"

"Weka kisu chini, kama ulivyofanya siku ile ya vibudu. Mimi nikigoma, kesho analetwa daktari mwingine na hakuna atakayejua. Wewe ukigoma, lori haliondoki."

Mfaume aliangalia machinjio, kisha akamwangalia msichana huyo aliyekuwa sawa na mwanawe. "Nikigoma watafia humo humo wote. Didas unamjua. Atamtafuta mtu wa kuwakata shingo tu ili damu ionekane, awauze. Watu watalishwa mizoga kwa jina langu."

"Kwa hiyo bora uwalishe wagonjwa."

"Nawalisha halali. Swali langu mimi ni moja, mwanangu. Yu hai, au hayu hai. Ya ugonjwa ni yako."

"Mzaramo wewe," Loyce alisema, "shetani mwenyewe ungemkuta anapumua ungemwelekeza kibla."

Siku nyingine Mfaume angecheka mpaka akae chini. Siku hiyo alirudi ndani.

Alikuwa mtu mwema. Ni lazima hilo lisemwe, kwa sababu shamba lile lilisimama juu ya wema wa namna yake. Bila mchinjaji mwaminifu, kuku wa banda la tatu wangebaki vile walivyokuwa: mizigo ya ugonjwa inayosubiri shimo na chokaa. Mkono wake uliwageuza kitoweo.

Mpaka jioni banda lilikuwa tupu, malori yameondoka. Didas alizitupa sampuli za Loyce, na Loyce mwenyewe akaambiwa asirudi. Kuku wachache waliokuwa bado wanasimama waligawiwa wafanyakazi, wawili wawili, wakiwa hai, wawe kitoweo cha nyumbani. Didas alishukuriwa sana kwa hilo.

Mfaume na Mwanamkuu walikwenda Marui na kuku wao wawili, Ijumaa ya mapumziko. Mwanamkuu aliwafunga miguu nyuma ya jiko, karibu na kuku wake wa kienyeji. Kampuni ilikataza wafanyakazi kufuga kuku majumbani, lakini nani Marui atakaa bila hata mitetea michache? Hawakuwahi kuwala wale wa Kibaha. Asubuhi waliwakuta wamekufa kambani. Kisha mitetea ikaanza kuyumba, kisha ya jirani yao Zubeda, kisha Mwanamkuu mwenyewe akaanza kutetemeka kwa homa.

Hospitalini daktari alimsikiliza kifua kwa muda mrefu.

"Mama anafanya kazi gani?"

"Ananyonyoa kuku. Kibaha," alisema Mfaume.

"Hao kuku walikuwa wagonjwa?"

Mfaume aliyasikia tena maneno ya Loyce, yote. Aliwaona pia wauzaji wa Dar, masinia ya harusi, mafungu ya chipsi kuku. Akawaona watu wa Marui wanaomletea mbuzi zao kila Idi kwa sababu hawamwamini mwingine. Ulimi ulimwendea mahali ulipozoea.

"Walikuwa hai," alisema.

Daktari akaitikia kwa kichwa, akamwanzishia mgonjwa dawa za nimonia, akampeleka kwenye wodi pamoja na wengine. Mwanamkuu alikuwa amesikia. Alimtazama mumewe juu ya kifaa cha hewa alichofungwa usoni, na macho yake hayakuwa na hasira. Yalikuwa yanasubiri. Mara kadhaa Mfaume alitembea mpaka mlangoni kwa daktari, akasimama, akarudi kitandani. Wiki haikuisha Mwanamkuu akafariki.

Walimzika Marui. Didas alikuja na gari lenye magunia ya mchele na mafuta ya kula, akawapa wafiwa mkono, akakaa na wanaume kwenye mkeka kama ndugu. Kabla ya kuondoka alimvuta mtendaji wa kata pembeni, wakazungumza kwa sauti ya chini. Siku iliyofuata tangazo lilipita nyumba kwa nyumba: ugonjwa wa kuku umeingia Marui, umeanzia kwa marehemu aliyefuga kinyume cha taratibu, na nusura aupeleke Kibaha shambani. Kuku wote wa kijiji watauawa na kufukiwa. Zoezi litaanzia nyumbani kwake.

"Mungu amrehemu," alisema Zubeda kwa wanawake wenzake waliokuwa wakichambua mchele, bila kushusha sauti, "lakini kuku wangu wanakwenda shimoni kwa ajili yake. Na wale ndio walionisomeshea watoto."

"Marehemu hasemwi, dada."

"Simsemi. Nawaaga kuku."

Mfaume alikuwa ukutani, amesikia. Alijifunika kichwa kwa shuka.

Siku ya kuanua tanga Loyce alifika. Tangu aachishwe kazi alikuwa amezunguka ofisi hii na ile akisema banda la tatu lilikuwa na ugonjwa, na kila alikokwenda aliulizwa ushahidi uko wapi. Ushahidi ulikuwa umeshakaangwa na kuliwa. Sasa alikuja msibani kama mtani, na mtani msibani hadaiwi adabu. Anaweza kumwiga marehemu, kuwakejeli wafiwa, kujilaza kaburini akatae kutoka. Atakayekasirika ndiye mwenye kosa.

Alijifunga kanga kiunoni, akachukua mwiko kwenye sufuria ya pilau, akamvua Mfaume kofia na kuivaa yeye. Watu walianza kucheka kabla hajasema neno. Alichukua mto mmoja akaushika miguu isiyokuwepo, akauyumbisha, akaukohoza.

"Ewe kuku, una nini?" aliuliza kwa sauti nzito ya Mfaume.

"Naumwa, mzee," alijibu kwa sauti nyembamba ya kuku. "Kichwa kimevimba. Macho hayaoni."

"Nani kakuuliza kuumwa? Nimekuuliza, unapumua?"

"Kidogo tu, mzee."

"Basi geukia kibla upesi, usije ukaacha."

Akakata kwa mwiko. Kicheko kilipasuka upande wa wanaume, kikapokelewa upande wa wanawake. Mzee Seifu, kaka yake Mfaume, alijifuta machozi. "Msukuma huyu atatuua," alisema. "Kazi yao ng'ombe, kaja kutufundisha kuku."

"Kuku waliobaki wapeni wafanyakazi," Loyce aliendelea, jasho likimtoka. "Wawili wa Mwanamkuu. Wapeleke Marui wakasalimie mitetea." Aligeukia upande wa jiko, akakunja mgongo, akawa mwanamke anayenyonyoa. "Baba Raudha, naumwa. Nani kakuuliza kuumwa, mke wangu? Unapumua? Kidogo tu, Baba Raudha. Basi nyonyoa."

Walicheka tena, lakini kicheko hiki kiliishia njiani. Loyce akasimama, mwiko mkononi, akamtazama Mfaume. Alikuwa amesema kila kitu mbele ya kijiji kizima, na mtendaji wa kata akiwemo, sahani ya pilau magotini. Na kwa kuwa alikisema kwa utani, hakikuwa kimesemwa. Wangekwenda nyumbani wakisimuliana jinsi binti wa Kisukuma alivyochekesha kwenye tanga la Mwanamkuu. Kesho kuku wangeuawa kuanzia mlangoni kwa marehemu, na Mwanamkuu angebaki kuwa mwanamke aliyeleta maradhi Marui.

Mfaume alihitaji kucheka tu. Kicheko kimoja, na Idi ijayo wangemletea mbuzi zao.

"Si utani," alisema.

"Mfaume," Mzee Seifu alimgusa bega, "mtani hachukiwi. Ni kosa, ndugu yangu."

"Sijachukia. Nasema haya anayoyasema si utani." Alisimama, kichwa wazi. "Kuku wa banda la tatu walikuwa wagonjwa kabla mke wangu hajakanyaga Marui. Niliwachinja mimi. Huyu daktari aliniomba niache, sikuacha. Hospitali waliniuliza kama walikuwa wagonjwa, nikasema walikuwa hai. Ugonjwa umekuja hapa na kuku wawili tuliopewa na meneja. Mwanamkuu hakuleta kitu. Alikuwa ananyonyoa nilichompa."



"Na watu waliwala?" aliuliza Zubeda.

"Waliwala."

"Na wale uliotuletea sisi, Idi iliyopita?"

"Wale walikuwa wazima."

"Umejuaje," alisema Zubeda polepole, "na wewe huwa huulizi?"

Mfaume akakaa.

Mtendaji aliweka sahani chini. "Mzee, nimekusikia. Lakini amri ya kuku imeshatoka. Kesho itatekelezwa."

"Itekelezwe," alisema Loyce, "hapa pana ugonjwa kweli. Ila useme umetoka wapi. Na upige simu Kibaha leo, sasa hivi, kuna wanawake kule wanakohoa."

Mtendaji alisitasita. Kisha, kwa kuwa macho ya watu wote yalikuwa juu yake, akatoa simu.

Kesho yake kuku wa Marui waliuawa. Walitiwa kwenye viroba, wakatupwa shimoni na kumwagiwa chokaa: majogoo, mitetea, na vifaranga ambavyo havikuwa vimejua hata kuchakura. Zubeda aliwakabidhi wake mmoja mmoja kwa majina. Hakuna aliyeleta chochote cha kufidia, na kijiji kilikaa miezi bila sauti ya jogoo, watu wakichelewa kuamka alfajiri na kulaumiana.

Kibaha wanyonyoaji kadhaa walikutwa na homa, wakatengwa, wakapewa dawa iliyofaa. Mmoja, Yunis, mama wa mtoto anayenyonya, walimchelewea, akafariki. Wengine walirudi makwao. Shamba lilifungwa mpaka mvua zikaja, kisha likafunguliwa tena na jina jipya getini, na mabanda mawili yaliyoongezwa upande wa bonde. Didas alihamishwa, wengine wakasema amepandishwa cheo. Mchinjaji mpya ni kijana mwenye sauti nzuri ya kuadhini.

Loyce hakuajiriwa tena na mwenye kuku yeyote mkubwa. Anazunguka vijiji vya Kisarawe kwa baiskeli ya baba yake akiwaambia watu kuku akiyumba wasimwahi, wamfukie bila kumgusa kwa mkono mtupu. Ni neno gumu kumwambia mtu asiyekula nyama kila wiki. Baadhi wanamcheka. Wapo waliomsikia, na yeye huwataja hao tu ukimuuliza kazi inaendaje.

Mfaume analima mihogo. Watu wa Marui wanamsalimia, wanamkaribisha harusini, wanamwachia nafasi kwenye safu msikitini. Hakuna aliyemtukana hata siku moja. Mwezi uliopita Zubeda alimfanyia mjukuu wake akika, na baada ya adhuhuri alimletea Mfaume bakuli la pilau lililofunikwa kwa kawa, na nyama nzuri juu yake.

"Mashallah," alisema Mfaume. "Kachinja nani?"

"Tulimwita mtu kutoka Chole."

"Mbali hivyo."

"Ndiyo, ni mbali," alisema Zubeda.

Mfaume alinawa, akakaa kizingitini, akala. Zubeda alisimama pale pale uani, mikono ndani ya kanga, akisubiri bakuli lake.